Yangeyange wa Dakawa amefikaje Texas?

Swali la msomaji: "Mimi ni mwalimu mstaafu, nafuga ng'ombe wachache huku Dakawa, Morogoro. Kijana wangu anaishi Texas, Marekani. Majuzi alinitumia picha ya ng'ombe malishoni, na miguuni mwao wamesimama ndege weupe. Nikamwambia hao ni yangeyange wetu. Akacheka, akasema ni ndege wa kulekule. Naomba utumalizie ubishi: ni yangeyange au siye? Kama ndiye, nani alimpeleka? Na mbona kitabu changu cha zamani kinamwita Bubulcus ibis, ila simu ya mjukuu wangu inaandika Ardea ibis? Halafu, ni kweli anawala kupe?"

Shikamoo Mwalimu. Picha uliyoambatisha nimeikuza mpaka ikaanza kuvunjikavunjika, na sina shaka yoyote: huyo ni yangeyange. Ni spishi ileile inayokusindikiza wewe ukitoa ng'ombe zizini asubuhi. Umeshinda ubishi. Ila kijana naye usimfunge mdomo kabisa. Wale wa Texas wameanguliwa kulekule, na wazazi wao kulekule, na mababu zao vivyo hivyo. Ni kama Mmanyema wa Kigoma: asili yake ni ng'ambo ya ziwa, lakini ukimwuliza kwao ni wapi atakuonyesha Ujiji.

Kwa kuwa wewe ni mwalimu na hutaki jibu bila kuonyeshwa njia, nikwambie nilichotazama. Macho yangu yalianzia mdomoni. Yangeyange wa ng'ombe ana mdomo mfupi, mnene, wa njano, na manyoya ya kidevu yamesogea mbele chini yake hata utadhani ana taya lililovimba. Shingo yake ni fupi, na akisimama hujikunyata mabega juu, kama mzee aliyejitanda shuka alfajiri ya baridi. Yangeyange mdogo, yule wa kingo za mito na mabwawa, ana mdomo mweusi mwembamba, miguu myeusi, na vidole vya njano kana kwamba amekanyaga rangi. Yangeyange mkubwa yeye ni mrefu karibu mara mbili ya huyu wa ng'ombe, ambaye tangu ncha ya mdomo hadi mkia hafiki hata sentimita 60.

Katika picha yako wawili wana rangi ya chungwa iliyopauka utosini, kifuani na mgongoni, kama shuka jeupe lililomwagikiwa chai. Hao wameingia msimu wa kutaga. Msimu ukifika kileleni, kwa siku chache tu, mdomo, miguu na macho hugeuka vyekundu. Wapo watu waliochunga ng'ombe maisha yao yote na hawajawahi kumwona hivyo, kwa sababu siku zile ndege huwa yuko kwenye mti wa kuzalia.

Wengi wetu huwarundika ndege hawa wote chini ya neno moja, "korongo". Mtaani halina ubaya, lakini kama unataka kuwatenga watazame wakiruka. Kwarara, wale wa mdomo uliopinda, huruka shingo imenyooka mbele, na korongo wengi pia. Yangeyange na jamaa zake wote wa familia ya Ardeidae huikunja shingo kama herufi S, kichwa kikalala katikati ya mabega. Siri iko kwenye pingili ya sita ya shingo, ambayo imeumbwa tofauti na nyingine. Mkunjo huohuo ndio unaomwezesha kuufyatua mdomo kama mkuki akikutana na panzi.

Sasa tuje kwenye majina, na hapa naomba uvumilivu, maana kisa chake kina kosa lililodumu zaidi ya miaka 250.

Mswidi mmoja, Fredrik Hasselquist, mwanafunzi wa yule Carl Linnaeus aliyetuwekea utaratibu wa majina ya kisayansi, alikwenda Misri kati ya 1750 na 1751 hivi. Alikuwa amesoma habari za ibis, ndege mtakatifu wa Wamisri wa kale. Alipomwona ndege mweupe mashambani kando ya Mto Nile, akadhani amempata. Hakuwa amempata. Ibis mtakatifu ni kwarara mweupe, mwenye kichwa cheusi kisicho na manyoya na mdomo uliopinda kama mundu. Aliyesimama mbele ya Hasselquist alikuwa yangeyange. Kijana wa watu hakupata nafasi ya kujisahihisha. Alifariki karibu na Smyrna (leo Izmir, Uturuki) mwaka 1752, akiwa na miaka 30 tu, kabla ya kurudi kwao. Mwalimu wake akayachapisha maandishi yale, na mwaka 1758, katika toleo la kumi la kitabu chake kikubwa cha majina, akamwandikisha ndege huyo kuwa Ardea ibis, wa Misri. Kanuni yetu wataalamu ni kwamba jina la spishi lililotangulia kutolewa halifutwi hata kama maana yake imepotoka. Ndiyo maana mpaka leo yangeyange anatembea na jina la kwarara.

Mwaka 1855 akaja Charles Lucien Bonaparte, mtoto wa ndugu wa yule mfalme Napoleon, mtu aliyewapenda ndege kuliko vita. Akaona huyu hafanani na Ardea wengine, wale wakubwa wenye miguu mirefu wanaovizia samaki. Akampa jenasi yake mwenyewe (jenasi ni kundi la spishi zilizo ndugu wa karibu, nalo ndilo neno la kwanza la jina la kisayansi), Bubulcus, neno la Kilatini lenye maana ya mswaga ng'ombe. Jina zuri, lazima nikiri. Kitabu chako kilichapishwa wakati jina hilo bado linatawala.

Lakini umbo hudanganya. Tangu miaka ya 1980, watafiti walipoanza kulinganisha vinasaba, dalili zilianza kuonyesha kwamba yangeyange wa ng'ombe yuko karibu zaidi na wale wakubwa wa Ardea kuliko na yangeyange mdogo anayefanana naye kwa weupe. Kisha mwaka 2023 ukachapishwa uchambuzi mkubwa wa vinasaba vya familia hiyo, ukamkuta ameketi katikati kabisa ya tawi la Ardea. Hapo kumwacha kwenye jenasi yake peke yake ni sawa na kuandika majina ya watoto wa nyumba moja ukamruka mmoja kwa sababu havai kama wenzake. Tangu 2024 orodha kubwa za kimataifa zimemrudisha: Ardea ibis. Kwa hiyo simu ya mjukuu iko sahihi kwa leo, na kitabu chako kilikuwa sahihi kwa wakati wake. Usikitupe.

Watu wengine wamefurahia wakisema, "Kumbe Linnaeus alijua tangu mwanzo!" Hakujua. Ardea yake ilikuwa gunia tu. Humo alitia makorongo na ndege wengine wa miguu mirefu ambao leo hata oda zao, yaani makundi makubwa yanayokusanya familia, ni tofauti. Alipatia kwa bahati.

Kuna jambo jingine ambalo pengine utalikuta kwenye simu hiyohiyo. Zamani tulisema yangeyange wa ng'ombe ni spishi moja kuanzia Senegal hadi Japani. Sasa wamegawanywa wawili, wa magharibi na wa mashariki. Yule wa mashariki alipewa jina na Mholanzi Pieter Boddaert mwaka 1783, kutokana na ndege wa pwani ya Coromandel, India. Leo anaitwa Ardea coromanda. Msimu wa kutaga rangi yake ya chungwa hushuka mpaka mashavuni na kooni, kichwa chote kikawa kama kimechovywa, na miguu yake ni mirefu kidogo. Ndiye anayeishi India, China, Japani mpaka Australia. Wa magharibi ndiye wa Afrika, Ulaya na Amerika zote mbili. Wa kwako na wa kijana, kwa hiyo, ni walewale wa magharibi.

Ushelisheli nako kuna wao, ambao baadhi ya wataalamu huwahesabu kuwa nususpishi ya pekee. Wenyeji huwaita Madanm Paton. Ukifika mjini Victoria utawakuta sokoni, wamepanga foleni juu ya mabati na meza za samaki wakingoja matumbo yatupwe. Ng'ombe kule ni wachache, na yangeyange si ndege wa kufa njaa kwa sababu ya mila.

Kuhusu oda nitapita haraka. Vitabu vya zamani vinawaweka yangeyange na korongo pamoja. Siku hizi wamehamishiwa kwa mwari, kwarara na fundichuma, na korongo wamebaki peke yao katika oda yao.

Kinachonivutia mimi zaidi katika ukoo wake ni kwamba huyu ni mtoto wa familia ya majini aliyelihama maji. Ndugu zake huvua, na mvuvi wa mkuki ana tatizo moja: samaki haonekani pale alipo, kwa sababu mwanga hupinda ukitoka majini. Ukitaka kuliona, tia kijiti kwenye glasi ya maji. Yangeyange mdogo na wenzake wanajua kulisahihisha hilo kwa jinsi wanavyoweka kichwa na kulenga. Yangeyange wa ng'ombe alipopimwa alionekana kuwa ustadi huo umempotea. Macho yake yamekaa vizuri kwa kutazama mbele na kukadiria umbali wa panzi aliye nchi kavu, lakini mpe samaki chini ya maji, atakosea. Amekuwa ndege wa nyika kabisa.

Basi nani alimpeleka Marekani? Hakuna. Alikwenda mwenyewe.

Asili yake ni Afrika ya joto, pamoja na kusini mwa Hispania na Ureno, na kwa ndugu yake wa mashariki, Asia ya joto. Kabla ng'ombe hawajawa wengi alifuata nyati, pundamilia, nyumbu, kuro na tembo, na bado anafanya hivyo Mikumi, saa mbili tu kutoka kwako. Mwaka 1877 ndipo anapotajwa kwa mara ya kwanza ng'ambo ya Atlantiki, mpakani mwa Guyana na Suriname, kaskazini mwa Amerika ya Kusini. Hapakuwa na aliyemleta.

Tupige hesabu kidogo, hesabu ya kwenye karatasi tu. Pale bahari ilipo nyembamba zaidi, kutoka ncha ya Afrika Magharibi hadi Brazili, ni kama kilomita 2,900. Kule pepo huvuma kutoka Afrika kuelekea Amerika karibu mwaka mzima. Ni kama kaskazi yetu isiyogeuka kuwa kusi, na ndizo zilizosukuma majahazi ya Wareno. Mpe ndege kasi ya kilomita 60 kwa saa pamoja na upepo wa mgongoni, na safari ni saa 48 au zaidi kidogo. Siku mbili bila kula wala kutua. Kwa ndege wa nusu kilo au pungufu ni mtihani mkubwa, lakini siyo muujiza. Yangeyange wa ng'ombe wameshaonekana kwenye visiwa vilivyopotea katikati ya Atlantiki, kama Ascension na Saint Helena, na hata kwenye visiwa vya baridi vya bahari ya kusini ambako hakuna panzi hata mmoja. Ndugu yake yangeyange mdogo ametupa ushahidi wa kushika mkononi: vifaranga waliovishwa pete miguuni huko Hispania wamepatikana baadaye visiwa vya Karibi, na mwaka 1994 yangeyange wadogo walianza kuzaliana Barbados.

Wanaofanya safari hizi kwa kawaida ni vijana. Kifaranga hurukaruka kwenye matawi akiwa na siku 20 hivi, huruka kamili karibu siku ya 30, na akifika siku 45 anajitegemea. Baada ya hapo hutawanyika upande wowote, kusini, kaskazini, popote. Wengine wamekutwa kilomita 5,000 kutoka walikoanguliwa. Wengi hupotea. Mmoja kati ya wengi sana huangukia mahali penye majani, maji na wenzake wachache.

Hapo ndipo linakuja swali ambalo hukuuliza lakini naamini ungeuliza kama tungekuwa tumekaa chini ya mwembe wako. Pepo hizo zimevuma miaka elfu na elfu. Mbona hakuhamia zamani?

Mimi naamini alifika zamani, mara nyingi, akafa bila mzao. Mabawa alikuwa nayo siku zote. Alichokosa ni meza. Fikiria yangeyange anatua pwani ya Guyana mwaka 1300. Ukanda ule wa joto ulikuwa misitu na vinamasi, usio na makundi ya wanyama wakubwa wa kula majani kama nyati wetu. Ng'ombe hakuwapo katika bara lile zima. Wa kwanza walishushwa na meli za Columbus kisiwani Hispaniola katika safari yake ya pili, mwaka 1493. Karne zilizofuata wakoloni wakakata miti, wakapanda majani, wakachimba mifereji ya mpunga na miwa, na ng'ombe wakazaana mpaka wakawa mamilioni. Yangeyange aliyetua miaka ya 1870 alikuta kitu anachokijua. Alikuta mgongo wa ng'ombe.

Ili uelewe jinsi mgongo huo ulivyo na thamani kwake, kesho asubuhi chukua kigoda ukae pembeni ya malisho. Mchague yangeyange mmoja umtazame dakika kumi. Ng'ombe anang'oa majani, anapiga hatua. Kwato inaposhuka, panzi anaruka. Yangeyange yuko pembeni ya mguu wa mbele au karibu na pua, anamfuata hatua kwa hatua. Akimwona mdudu, anasimama, anayumbisha shingo kushoto na kulia huku kichwa kimetulia tuli, kisha anafyatua. Mimi niliwahi kufanya hivi siku tatu mfululizo nikiwa na daftari, nikihesabu hatua za ng'ombe na midomo ya ndege, mpaka mchungaji akamwuliza mwenzake kama nimetumwa na serikali kuhesabu mifugo kwa ajili ya kodi. Hesabu zangu hazikuwa za kuchapishwa, lakini watafiti waliofanya kazi hiyo vizuri walikuta kwamba yangeyange aliye na ng'ombe hukamata windo takriban mara tatu na nusu zaidi ya anayetafuta peke yake. Wanampenda ng'ombe wa mwendo maalumu, hatua 5 hadi 15 kwa dakika. Aliyelala hawafai, na anayekimbia hawafai. Trekta linalolima polepole nalo linafaa sana, kama unavyoona mashamba ya mpunga ya hapo Dakawa yakitibuliwa, na moto wa nyika pia, maana wadudu hukimbia mbele yake.

Baada ya kutua Amerika hakufanya haraka. Kwa miongo kadhaa aliishi kimyakimya kaskazini mwa Amerika ya Kusini, na hadi miaka ya 1930 akawa amejikita. Kisha akalipuka. Mwaka 1941 alionekana Florida, na walioona wakadhani katoroka kwenye kizimba cha mtu, wakanyamaza. Mwaka 1952 akapatikana mpaka Massachusetts, kaskazini kabisa, na safari hii hapakuwa na la kubisha. Mwaka uliofuata, 1953, kiota kikapatikana Ziwa Okeechobee, Florida. Katikati ya miaka ya 1950 alikuwa ameshaonekana Texas, anakoishi kijana wako. Mwaka 1962 akazaliana Kanada. Mtu aliyezaliwa Marekani mwaka 1940 alikuwa hajaandikiwa ndege huyu kitabuni. Alipofika miaka 30 alikuwa anamwona kila anapopita malishoni.

Na huko ni upande mmoja tu. Kusini mwa bara letu alikuwa akisogea wakati huohuo, akifuata mifugo, mabwawa na mashamba ya kumwagilia, na mwaka 1908 alizaliana kwa mara ya kwanza katika Jimbo la Cape, Afrika Kusini. Kule mashariki, coromanda alianza kuingia Australia miaka ya 1940, kisha akavuka mpaka New Zealand. Ulaya alipanda polepole kutoka Hispania: Ufaransa 1958, Italia 1985, na mwaka 2008 akataga Somerset, Uingereza. Ni ndege wachache sana walioenea hivi ndani ya karne moja na nusu bila kutiwa kwenye boksi la mtu.

Kuna mahali pamoja, hata hivyo, ambapo kweli alipelekwa, na kijana wako akitaka kukutega atakutajia hapo: Hawaii. Mwaka 1959 yangeyange walichukuliwa Florida wakapelekwa visiwani humo ili wawamalize nzi wanaosumbua ng'ombe. Walikula nzi kwa kiasi fulani, kisha wakagundua vyakula vingine. Wakaingia kwenye mabwawa ya kufugia kamba, wakakaa kwenye viwanja vya ndege na kugongana na ndege za abiria, na mbaya zaidi, wakala vifaranga vya ndege wa majini wa Hawaii ambao wako hatarini kutoweka na hawapatikani popote pengine duniani.

Hapo ndipo utaona sheria inavyojali alivyofika. Texas, kwa kuwa alikuja kwa mabawa yake, analindwa na sheria ya Marekani ya mwaka 1918 ya ndege wahamao. Makundi yao ya kuzalia mara nyingine huwa mitaani, juu ya miti ya watu, na harufu ya mavi yake ni ya kukimbiza mgeni. Lakini viota vikishakuwa na mayai au vifaranga, mwenye nyumba haruhusiwi kuvibomoa bila kibali. Atafunga madirisha na kungoja. Hawaii, tangu 2017, ipo amri ya serikali kuu inayoruhusu idara husika kumpunguza ndege yuleyule, hata kwa kumwua.

Nimalizie na kupe, ambalo umelitupa mwishoni lakini kwa mfugaji ndilo la kwanza. Waarabu humwita Abu Qirdan, yaani baba wa kupe, na Misri watoto hufundishwa kwamba ni rafiki wa mkulima. Urafiki na mkulima naukubali, kwa sababu ya panzi, nyenje, viwavi na mende anaowamaliza. Kwa kupe sina uhakika wa kukupa moyo. Kupe humla, mara mojamoja, hasa aliyemkuta ameshiba na kuanguka au anayening'inia mahali pa kufikiwa. Lakini matumbo yake yakichunguzwa chakula kikuu huwa panzi na jamaa zake. Anayetambaa mwilini mwa mnyama akimchokonoa kupe kwenye masikio ni ndege mwingine, yule mdogo wa kahawia ambaye wazee humwita askari wa kifaru.

Isitoshe, yangeyange mwenyewe anaweza kumbeba kupe. Visiwa vya Karibi kuna somo chungu. Kupe mwenye madoadoa wa kwetu Afrika, anayeeneza ugonjwa wa maji moyo, alifikishwa Guadeloupe katika karne ya 19 pamoja na ng'ombe kutoka Senegal. Kwa muda mrefu alibaki kwenye visiwa vichache. Yangeyange walipofika na kuanza kuruka kati ya kisiwa na kisiwa, kupe naye akaanza kujitokeza asikokuwapo, na watafiti walipowakamata ndege wale walikuta vitoto vya kupe vimejishikiza kwenye ngozi zao. Kwa hiyo Mwalimu, usiwafukuze yangeyange wako, ila usiache kuogesha kwa sababu yao. Ratiba ya josho ibaki palepale.

Kijana mwambie hivi: kabla ya jua kuzama, awafuate wale ndege kwa gari polepole aone wanalala mti gani. Ikiwa ni Aprili au Mei, chini ya mti huo atakuta maganda ya mayai, rangi yake nyeupe iliyochovya ubuluu kidogo, na juu atamwona dume akileta kijiti kimojakimoja na jike akikipokea na kukisokota kiotani. Asisimame chini bila kofia. Na akibahatika kumpata mwenye mdomo mwekundu, naomba nakala ya picha. Mimi ninayo moja tu, na imetoka na ukungu.